Nilipigania Nafasi ya Mlemavu, Sasa Naambiwa Nikimbie

Mpendwa Shangazi Ashatu,

Shikamoo. Mimi ni msomaji wako wa siku nyingi na nakuomba uninusuru kabla sijafanya jambo la kuwaaibisha wazee wangu, ila nakusihi jina langu usilitoe gazetini, kwa sababu mimi ni mwigizaji hapa Bagamoyo na natembelea magongo mawili, na waigizaji wanaotembelea magongo mawili katika mji huu, Shangazi, ni mimi peke yangu.

Nilipata polio nikiwa mdogo, miguu ikabaki hivi ilivyo, na wala sikuandikii kuhusu miguu maana miguu haina ugomvi na mtu, ninakuandikia kuhusu filamu, kwa sababu tangu nianze kuigiza nimekuwa nikiwaambia wenzangu kwamba haiwezekani kila filamu yenye kiwete achezwe na Ferdinandi, ambaye ni mzima wa afya, anacheza mpira kila Jumapili, na ukimtazama vizuri utaona mwanzo wa filamu anachechemea mguu wa kushoto, katikati anachechemea wa kulia, na ikifika sini ya harusi anacheza muziki mpaka anasahau magongo yapo wapi. Mimi nikasema hapana, ya magongo apewe mwenye magongo. Nikalisema redioni, nikalisema kwenye mikutano ya mtaa, nikalisema kwenye harusi ya binamu yangu nilipopewa kipaza sauti nitoe salamu za familia, na nakiri nililisema hata kwenye hitima moja, mpaka imefika mahali watu wa mtaani kwetu wakiniona nayaweka sawa magongo wanaanza kutafuta viatu vyao.

Basi Mungu si Athumani, mwongozaji wetu Abdullatif akachoka kunisikiliza, akaniita akaniambia, "Haya, umeshinda. Filamu mpya inaitwa Chozi la Njia Panda, steringi ni ombaomba kiwete pale Msata, na ni wewe." Shangazi, nililia. Mama yangu alilia zaidi yangu, akatoka nje akawatangazia majirani, na kabla hata kamera haijawashwa wanawake wa mtaa mzima walikuwa wamekwisha kununua kanga za sare kwa ajili ya siku ya uzinduzi, zimeandikwa Hasidi Hana Sababu, na kila mtu anajua hasidi anayesemwa hapo ni Ferdinandi.

Naye Ferdinandi hakukaa kimya, alikuja mpaka barazani kwetu akaniambia mbele ya mama, "Wewe kaka una ulemavu wako, hukuutolea jasho, umepewa tu. Mimi wa kwangu nimeufanyia mazoezi miaka yote hii, leo unaninyang'anya?" Nikayashika magongo yangu nikaingia ndani. Mama akamkaribisha chai.

Upigaji picha ulianzia Zinga, kwenye nyumba ya mjane tajiri ambaye katika filamu ananionea huruma na kunichukua nikaishi kwake, na hapo ndipo shida ilipoanza, kwa sababu Abdullatif alisema "Akshen!" nikatembea, akasema "Kati!" Nikamuuliza kuna nini, akasema, "Mbona huchechemei?" Nikamwambia, "Dairekta, hivi ndivyo ninavyotembea." Akasema, "Najua, lakini kwenye kamera huonekani mlemavu, unaonekana kama mtu anayekwenda zake." Nikamwambia nilikuwa nakwenda zangu kweli. Akasema watazamaji wanataka machozi, chechemea zaidi, halafu shati gani hilo limepigwa pasi, mlemavu gani ana shati lina mistari ya pasi? Wakanipaka majivu usoni, wakanichania mkono wa shati, shati langu mwenyewe Shangazi, la Idi, na kesho yake nikamkuta Ferdinandi amekaa pembeni ya kamera na mwavuli, nikaambiwa ndiye mwalimu wangu wa kuchechemea.

Akanifundisha! Ferdinandi akachukua magongo yangu, mafupi kwa urefu wake, akajikunja akayabana kwapani, akawa anajivuta uani huku anaugua, na mimi nikamwambia ndugu yangu, mtu hakai na uzito kwapani, uzito unakaa mikononi, ukining'inia kwapani hivyo mchana kutwa jioni vidole vimekufa ganzi hushiki hata kijiko. Akasema hayo ni ya nyumbani, hii ni sanaa. Palikuwa na bibi mmoja wa jirani amekaa kwenye kibao cha mbuzi anakuna nazi huku anatutazama, nikasikia anamwambia mwenzake, "Yule mfupi hajui kitu. Huyu mrefu ndiye kiwete hasa."

Nikavumilia, nikasema moyoni hayo ni madogo, muhimu ni kwamba nimo ndani. Tukamaliza Zinga tukahamia Msata kwa sini za mwisho. Sasa Shangazi, labda hujui kazi yetu inavyokwenda, Abdullatif haandiki hadithi, hadithi yote anayo kichwani na anatusimulia sini moja moja asubuhi ya siku hiyohiyo, kwa sababu aliwahi kuibiwa mwisho wa filamu na rafiki yake akala naye pilau kama hakuna kilichotokea, kwa hiyo mwisho hamwambii mtu hata mkewe. Basi tukiwa pale stendi, katikati ya wapiga debe na abiria na mabasi yanapiga honi, ndiyo akatukusanya akatuambia mwisho. Akasema, "Vito vya mjane vimepotea. Polisi wanakuja. Wewe unawaona, unatupa magongo, unakimbia." Nikamuuliza, "Nani anakimbia?" Akasema, "Wewe. Kumbe siku zote ulikuwa mzima, ulikuwa unajifanya. Watu watapiga makelele mpaka waanguke."

Nikamwambia, "Dairekta, nakimbiaje?"

Shangazi, Abdullatif alinitazama usoni, akanitazama miguuni, akayatazama magongo, akavua kofia akajikuna, akasema, "Hilo sikuliwaza." Hadithi aliitunga zamani kwa ajili ya Ferdinandi, alipobadilisha mtu akasahau kubadilisha hadithi. Yaani mimi niliyepiga kelele mji mzima kwamba mlemavu achezwe na mlemavu, nimempata mtu ambaye si mlemavu anayejifanya mlemavu, na nimemcheza filamu nzima kwa moyo wangu wote, na nimemlilia machozi ya kweli.

Abdullatif hakukata tamaa, akasema Ferdinandi atavaa shati langu akimbie tumpige picha kwa nyuma. Mimi ni mfupi, Ferdinandi ni mrefu kama mlingoti na ana upara, shati langu likamfika kitovuni, lakini akafurahi sana, akasema kumbe Mungu hamtupi mja wake, akaanza kufanya mazoezi ya kukimbia pale stendi huku anapunga mikono kwa abiria, na akiwa anapunga akaingia kwenye shimo la nguzo lililochimbwa karibu na mama wa mihogo ya kukaanga. Kifundo cha mguu kikageuka. Wakampeleka zahanati wakamfunga bendeji, na ninavyokuandikia hivi, Ferdinandi anatembelea magongo, na magongo yenyewe ni yangu ya akiba, na kila akikutana na mimi njiani ananiuliza inakuwaje mikono yangu haiumi.

Hapo ungeweza kucheka, na mimi nilicheka, ila yapo mengine yaliyonifanya niache kucheka. Pale Msata kuna Mzee Dadi, fundi simu, anafanya kazi juu ya baiskeli yake ya magurudumu matatu, ile ya kusukuma kwa mikono, miguu yake amefunika kikoi, na wakati wote tulipokuwa tunapiga picha alikuwa ananichajia simu na kunipa habari za mpira. Ule mwisho wa filamu wapiga debe wote waliusikia. Nilirudi siku chache baadaye kufuata chaja yangu, nikamkuta mpiga debe mmoja anamfanyia masihara, anamwambia, "Simama basi, Mzee, tumekujua!" Wenzake wanacheka, yule kijana akamfunua kikoi, akaitazama miguu ya Mzee Dadi mbele ya basi zima la abiria. Mzee Dadi hakumtukana. Alikifunika kikoi chake polepole, akanipa chaja yangu, akaniuliza, "Mwanangu, hiyo filamu yenu inatoka lini?" Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona tangu nizaliwe.

Sasa Abdullatif anasubiri Ferdinandi apone amalizie kukimbia, na mimi nimemwambia mwisho huo siutaki, naye ameniambia maneno ambayo yananikosesha usingizi, amesema, "Ukiiua filamu hii, mimi mlemavu mwingine simchukui tena. Watasema walisema kweli, mna maneno mengi." Nikinyamaza, kila mwenye magongo kuanzia hapa mpaka Chalinze ataambiwa asimame tumekujua. Nikikataa, mlango nilioupigania unafungwa, kazi ya wenzangu inapotea, na mama na mtaa wake wamekaa na kanga za sare hawana pa kwenda nazo. Nifanyeje, Shangazi? Usiku nawaza nilipeleke jambo hili redioni, asubuhi nawaza nihamie Tanga.

Nitashukuru ukinijibu mapema, kwa sababu wakati nasubiri nimeitwa na kikundi kingine wanaokwenda kupiga filamu Mkange, wananipa nafasi ya kipofu, si kubwa sana, nimekwisha kubali na nafanya mazoezi ya kufumba macho hapa nyumbani, nimegonga kabati la mama na kumwaga uji, lakini hilo halihusiani na tatizo langu.

Wako mwenye kuchanganyikiwa,
Magongo Mawili, Bagamoyo


SHANGAZI ASHATU ANAJIBU

Marahaba, mwanangu. Jina lako nimelificha kama ulivyotaka, ingawa kwa maelezo uliyoyatoa hata kuku wa Bagamoyo wamekwisha kukujua.

Barua yako nimeisoma nikiwa na kikombe cha chai mkononi na nusu ya chai nimeinywesha meza. Nilipofika kwa Ferdinandi na shati la kitovuni ilibidi mjukuu wangu aje kuniuliza kama naumwa. Lakini nilipofika kwa Mzee Dadi nilikiweka kikombe chini. Basi nitakujibu yote mawili, la kucheka na la kutochekesha, ila kwanza nina ugomvi na wewe.

Umeandika kurasa nzima kunililia juu ya Ferdinandi anayekuchukulia nafasi, halafu mwishoni kabisa, pale ulipodhani Shangazi amekwisha kuchoka kusoma na amevua miwani, unaniambia umekwenda kukubali kuwa kipofu Mkange. Unafumba macho! Unagonga kabati la mama yako! Na uji wa watu umemwaga! Eti halihusiani. Nyani haoni kundule, mwanangu. Hivi wewe na Ferdinandi tofauti yenu ni ipi, zaidi ya kwamba yeye alianza mapema? Kesho asubuhi, kabla hujanywa chai, wapigie simu watu wa Mkange uwaambie nafasi hiyo huifai, na uwatafutie mwigizaji asiyeona. Usiniambie hayupo. Hivyo ndivyo walivyokuwa wakikwambia wewe.

Hilo tumemaliza. Njoo tuzungumze.

Madai yako ni ya haki na usiyaache, ila hitima za watu ziheshimu. Kosa lako ni kwamba uliomba kuingia jikoni, ukafunguliwa, ukafurahi, usiulize kinapikwa nini. Ulipigania nani acheze. Hukupigania anacheza nini. Mwenzio Abdullatif kakupa nafasi ya ombaomba aliyepakwa majivu, na wewe mwenye shati la pasi na simu ya kuchaji na maneno ya kujaza redio, ukakubali kupakwa majivu. Mimi Shangazi yako nimetazama filamu hizi tangu zilipokuwa zinakodishwa kwenye kanda, na sijawahi kumwona mwenye magongo anayedai kodi ya nyumba, au anayegombana na mawifi zake. Ni ombaomba, au anaombewa anapona ghafla, au anakufa ili steringi ajifunze kitu. Mimi nina goti bovu mwaka wa ngapi huu, sijamfundisha mtu kitu chochote.

Na Abdullatif usimwone adui. Adui angepanga. Huyu kasahau. Mtu anayemchagua mwenye polio halafu anamwambia akimbie, na akiulizwa anasema hilo sikuliwaza, huyo hana ubaya, ana kichwa kilichojaa kuliko uwezo wake, na dawa yake ni kuandika hadithi zake kama wanavyofanya watu wazima. Yale aliyokwambia, kwamba hatachukua mlemavu mwingine, ni maneno ya mtu anayeona filamu yake inazama. Usiyabebe moyoni. Mpe pa kushika atulie.

Pa kushika ni hapa. Usiiue filamu na usihamie Tanga. Tanga wana waigizaji wao na hawajakuita. Filamu yenu haina haja ya kufa. Ina haja ya mwongo. Na mwongo mnaye, tena ni hodari, tena anakunywa chai ya mama yako.

Mwambie Abdullatif hivi: wewe ulivyokwisha kupigwa picha, baki vilevile. Wewe ni mwenye magongo wa kweli uliyechukuliwa na mjane, basi. Anayejifanya awe mwingine. Aje ombaomba wa pili pale stendi, mrefu, ana upara, anaugua kuliko wote, watu wanamwonea huruma kuliko wewe, na bibi mmoja anakuna nazi anasema huyu mrefu ndiye kiwete hasa. Hiyo sini unayo tayari, umeniandikia mwenyewe. Vito vikipotea kila mtu akutazame wewe, maana ndivyo watu walivyo. Ni wewe peke yako unayemtilia shaka yule mrefu, kwa sababu anauning'iniza mwili kwapani kutwa nzima na jioni anashika kijiko bila taabu.

Ulisema wewe mwenyewe kwamba kila nafasi apewe mwenye nayo. Sasa ni nani katika Bagamoyo yote ana haki ya kucheza mtu mzima anayejifanya kiwete, kama si Ferdinandi? Kaifanya kazi hiyo miaka yote. Mpe nafasi yake, kwa heshima zote, na umwambie hakuna atakayemnyang'anya tena. Najua kwa kweli atafurahi. Maskini ya Mungu naye alikuwa anaogopa kukosa kazi, na mama yako aliliona hilo kabla yako, ndiyo maana akamkaribisha chai wakati wewe unaingia ndani.

Ila mfanye haraka! Sini zake zote za kuchechemea mzipige wiki hii, kabla kifundo hakijapona. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake Ferdinandi anachechemea mguu mmoja tu na ni uleule. Bahati kama hiyo haiji mara mbili. Akipona, ndiyo apigwe picha akikimbia, na shimo la nguzo lizibwe kwanza, tafadhali.

Sasa swali lako: nakimbiaje? Hukimbii. Kaa palepale ulipo. Polisi wanakuja, yule mrefu, kumbe vito anavyo mfukoni, anatupa magongo anatoka mbio, stendi nzima inapiga makelele kama Abdullatif alivyoyataka, na njia anayokimbilia inapita mbele yako. Mwache akukimbilie wewe. Akifika, nyoosha gongo moja, usihangaike na zaidi. Ferdinandi kuanguka anajua, tumeshaona, na safari hii wekeni godoro.

Lakini hapo filamu haijaisha, na hapa nataka unisikilize vizuri kwa sababu sichezi tena.

Wewe, Abdullatif na Ferdinandi pandeni gari mwende Msata mkamtafute Mzee Dadi. Mwende wote watatu, na shikamoo zenu kamili. Mwombeni radhi palepale stendi, mbele ya wapiga debe, kwa sauti, maana alivuliwa heshima yake mbele ya basi zima na haiwezi kurudishwa pembeni kwa kunong'ona. Usimwambie hukukusudia. Najua hukukusudia, naye anajua, ndiyo maana alikuuliza kwa upole, na upole ule ndio uliokuchoma. Mwambie hadithi imebadilika na umsimulie mwisho mpya kabla hujamsimulia mtu mwingine yeyote, hata kama Abdullatif atatetemeka kwa kuogopa kuibiwa. Yule kijana aliyemfunua kikoi mwiteni naye asikilize, msimpige, msimtukane, asikilize tu.

Kisha mwombeni Mzee Dadi acheze. Msimpake majivu. Acheze fundi simu, juu ya baiskeli yake, na kikoi chake, na bisibisi mkononi, na asipotaka msimlazimishe. Akikubali, mpeni sini ya mwisho, baiskeli yake iwe hapohapo uliponyoosha gongo. Ferdinandi yupo chini vumbini mbele yake, wa mita mbili kwenda juu, mzima wa miguu yote, polisi wanahema, abiria wanachungulia madirishani. Mzee Dadi hana haraka. Anamaliza kukaza skrubu yake. Anainama, anamtazama.

Mama yako mwambie kanga zikunjwe vizuri zisubiri uzinduzi, na mimi aniwekee moja, nitakuja na goti langu bovu na nitakaa mstari wa mbele, kwa sababu nataka nimsikie Mzee Dadi kwa masikio yangu mwenyewe akimwambia mwizi, kwa upole wake uleule:

"Simama basi, tumekujua."